Jiwe la Pozo

Juu kwenye Kamba, ile njia ya chuma inayopanda kutoka ardhini mpaka nje ya mawingu, hakuna harufu. Hewa ya kule huchujwa mpaka inabaki hewa tupu, na mtu akikaa miezi akichomelea vyuma kati ya mawingu na giza, pua yake hulala. Niliposhuka na kufika Vudoi, pua yangu ilikuwa mpya kama ya mtoto mchanga. Nayasema haya mapema ili mtu asije akadai kwamba nimetia chumvi.

Nyumba yangu niliinusa kabla sijaiona. Nilikuwa bado kwenye kona ya migomba, begi begani, nikadhani panya amefia darini. Nilipofika uani nikadhani ni mbuzi. Nilipokanyaga kizingiti nikaacha kudhani. Ilikuwa harufu tamu na nzito, ya kitu kilicho hai na kinachooza kwa wakati mmoja, imechanganyika na mkojo wa zamani na maharage yanayochemka. Nilishika mlango nikatema mate kwenye maua niliyoyapanda mwenyewe.

"Nakiete! Ushafika?" Senkondo, mume wangu, aliniita kutoka ndani kwa sauti ya sikukuu. "Ingia mke wangu, makande ndiyo yameiva sasa hivi. Mama, mwanao huyu hapa!"

Nilivuta pumzi ya kutosha nikiwa bado nje, maana ya ndani haikuvutika, nikaingia chumbani kwa mama.

Mama alikuwa amelala chali. Kiharusi kilimpata nikiwa juu, kikachukua upande wote wa kushoto, na uso wake ulikuwa umeshuka upande huo kama pazia lililochomoka pete. Jicho la kulia lilikuwa lilelile, kali. Mume wangu alikuwa ameketi kwenye kigoda kando ya kitanda, bakuli la makande ameliegesha juu ya godoro. Nzi alitoka ndani ya shuka ya mama, akatembea kidogo ukingoni mwa bakuli. Senkondo alimpunga kwa kijiko, kisha akachota kwa kijiko hichohicho akala, akatafuna, akanitabasamia.

Shingoni mwake Senkondo, kwenye kile kishimo cha chini ya koo, alikuwa amejifungia jiwe dogo lenye ukubwa wa punje ya haragwe. Lilikuwa jeupe la kioo, na katikati lina kitu kama moshi.

"Karibu mwanangu," mama akasema kwa ulimi mzito. "Mbona umeziba pua?"

"Mafua, mama. Hewa ya huku nimeisahau."

Jicho lake zima lilinitazama muda mrefu, kisha likageukia ukuta.

*

Pozo lilipatikana kwenye mapango ya juu ya mji wetu, na waliolipata hawakuwa wataalamu wa kitu chochote. Walikuwa wachimba mbolea ya popo. Kazi ile ilikuwa haimkalishi mtu mle pangoni. Ukiingia, unachimba, unatoka mbio kwenda kutapika, unarudi. Basi siku moja msimamizi akakuta vijana wake wameketi juu ya lundo lenyewe la kinyesi cha popo, wamekunja miguu, wanakula mihogo na kupiga soga. Aliwafokea watoke. Wakamuuliza watoke kwa nini. Kila mmoja alikuwa na kijiwe mfukoni, alichokiokota kwa kuwa kinang'aa.

Wataalamu walikuja baadaye na vipimo vyao. Walisema fuwele ile ikipata joto la damu ya mtu hutetemeka, mtetemo mdogo usiosikika, na mtetemo huo ukipanda shingoni huinyamazisha ile sehemu ya ubongo inayotufanya tuseme ptuu. Pua hubaki nzima. Macho hubaki mazima. Mwenye pozo husikia harufu zote, ila hazimwambii kitu, kama jina la mtu asiyemjua. Na kwa kuwa halitengenezeki kiwandani, na mapango yenyewe yako machache, pozo likawa na thamani ya kupigania.

Kwanza lilipewa watu wa Matumbo. Hilo ndilo jina tulilolipa lile tangi refu chini ya mji linalosaga uchafu wa watu wote wa Vudoi na kutoa gesi na umeme. Senkondo ni fundi wa Matumbo. Kisha wakapewa wa machinjioni, wa vyumba vya maiti, wauguzi. Hapo kila mtu aliona jambo jema, na mimi nilikuwa mmojawapo. Halafu watu wakaanza kuwa wabunifu. Diwani mmoja alilikodi ili aweze kula meza moja na watu aliowaita wauaji wiki iliyotangulia. Muuza supu aliwaazima wateja wake mlangoni, akawa haamki tena mapema kwenda kutafuta nyama mbichi. Na kuna baba, simtaji, alimfungia binti yake jiwe siku ya ndoa yake na mzee aliyekula chumvi nyingi, na watu wakasema bibi harusi alikuwa ametulia sana. Nilipohadithiwa hilo nikiwa kwenye Kamba, nilishindwa kumaliza chakula.

Lakini mume wangu alikuwa analitumia kumuuguza mama yangu. Nani angemlaumu?

*

"Mama, nataka nikugeuze."

"Mkwe atoke kwanza."

Senkondo alikuwa ameshainuka na bakuli lake. Alitoka bila kugeuka nyuma, kama inavyompasa mwanamume mbele ya mama mkwe wake. Nilimgeuza mama kwa ubavu. Alikuwa mwepesi, na shuka ilikuja naye, imemgandia. Chini ya khanga alikuwa amejishindilia kitambaa kwa mkono wake mzima, pale mwisho wa uti wa mgongo. Kitambaa kilikuwa kigumu. Nilikilowesha, nikakivuta.

Sitaeleza yote. Lilikuwa shimo ambalo ngumi ya mtoto ingeingia. Kingo zilikuwa nyeusi, ndani njano, na humo ndani kulikuwa na vitu vyeupe vinavyojinyonganyonga. Harufu ilinipanda usoni, ikaingia machoni. Uso wangu ukajikunja wenyewe wote, na nilipoinua kichwa, jicho la mama lilikuwa limegeuka linanitazama juu ya bega lake.

Nikakimbia. Nilifika kwenye karo la nje, nikatapika mpaka nikaona nyota.

"Pole," Senkondo akasema nyuma yangu. Alikuwa bado na kijiko.

"Umemuua mama yangu."

"Nini?"

"Ana funza, Senkondo! Mama yangu ana funza kiunoni na wewe unakulia makande kitandani kwake!"

Alishangaa kweli. Hapo ndipo nilipozidi kukasirika, kwa sababu hakuwa na hila usoni. "Namwogesha kila siku," akasema. "Asubuhi na jioni, sijaruka hata mara moja. Muulize mwenyewe."

"Unamwogesha wapi?"

"Mgongo mpaka mwanzo wa khanga. Na miguu kutoka magotini kushuka. Huko kwingine anajiosha mwenyewe kwa ule mkono mzima, mimi nageukia ukuta. Ndivyo tulivyokubaliana. Mama mkwe wangu yule, Nakiete. Ulitaka nifunue wapi?"

Nilimwona akilini akimpa mama kitambaa cha maji na kugeuza uso ukutani, siku baada ya siku, kwa adabu zote alizofundishwa. Na mama naye, kwa adabu zake, akijishindilia kitambaa ili mkwe asione aibu ya kiuno chake. Walikuwa wamestahiana mpaka nyama ikaoza katikati yao.

"Na harufu?" nikauliza. "Hukuisikia?"

"Niliisikia."

"Ukafanya nini?"

Alifikiri. "Niliisikia tu. Ilikuwa ipo."

"Livue hilo jiwe."

"Nina zamu saa…"

"Livue!"

Alifungua kamba akaliweka juu ya ukuta wa karo. Mwanzoni hakuna kilichotokea. Alisimama pale akinitazama kama mtu anayesubiri dawa ifanye kazi. Kisha akainusa mikono yake. Akanusa mkono wa shati. Akageuza kichwa polepole kuelekea dirisha la chumba cha mama, upepo ulikuwa unatokea huko, na nikaona uso wa mume wangu ukirudi, uso niliomwacha nao. Ulirudi umejikunja. Kijiko kilianguka, na makande yote aliyokula yakamtoka, yakakifuata kijiko chini.

Alipomaliza alichukua sabuni ya kufulia akaanza kujisugua ulimi.

"Nimekula mle ndani," alikuwa anasema na povu mdomoni. "Kila siku, Nakiete. Nilikuwa naona kumwacha ale peke yake ni vibaya."

Nilitaka kumkumbatia na nilishindwa. Alikuwa ananuka.

*

Daktari Tumsifu wa zahanati alikuja mchana huohuo. Ni mtu mpole, na shingoni naye alikuwa na pozo lake, limefungwa kwa utepe wa kijani wa serikali. Alikiangalia kidonda kama mtu anayesoma gazeti la jana.

"Kimekwenda ndani," akasema. "Bado hakijafika mfupani. Kikifika, tutakuwa tunamsindikiza tu."

"Basi tumpeleke hospitali."

Alinivuta mpaka nje ya pazia. "Dada Nakiete, nikuambie ukweli? Usimpeleke. Wauguzi wote wa wodi siku hizi wanavaa hili, ni sharti la kazi. Wagonjwa wanawapenda sana, hakuna anayewakunjia uso. Lakini shuka zinakaa. Vidonda vya kulalia vimejaa wodi nzima."

"Mmewaambia wakubwa?"

"Tumewaambia. Wanasema hakuna mgonjwa aliyelalamika."

"Na wewe kwa nini hulivui lako?"

Aligusa utepe wake. Nadhani swali lilikuwa geni kwake. "Ningefanyaje kazi?" akasema, na hakuwa anatania.

Alimchoma mama sindano ya ganzi, akaanza kukata nyama iliyokufa, huku akiimba kwa ndani wimbo wa kwaya. Mimi nilishika taa na beseni. Alifika mahali akatosheka, akaanza kupanga pamba. Nilimzuia. "Hapo bado," nikasema, sauti yangu ikitokea puani. "Upande wa chini. Hapo ndipo panaponuka." Alichunguza, akakuta mfuko wa usaha ambao macho yake yaliupita. Alinitazama kwa mara ya kwanza kama mtu mwenye manufaa.

"Endelea kuninusia," akasema.

Tulikwenda hivyo mpaka mwisho, yeye mikono, mimi pua, na beseni likajaa vitu ambavyo hadi leo nikiona uji wa dengu vinanirudia. Alipoondoka aliacha asali ya kidonda, maji ya chumvi, bandeji na maelekezo: ageuzwe mara kwa mara, asafishwe asubuhi na jioni, na atakayemsafisha awe na pua iliyo macho. Ikianza tena ile harufu tamu, aitwe upesi. Bila hivyo, alisema, mama hafiki msimu wa mahindi.

*

Ganzi ilipoisha mama aliniita.

"Wewe hukuvaa jiwe," akasema.

"Sikuvaa."

"Kesho vaa la mumeo. Au uniachie mkwe wangu aniuguze kama zamani."

"Mama, mkwe wako karibu akuue."

"Mkwe wangu ameniheshimu!" Mate yalimtoka upande ulioshuka, nikayafuta, na alifuatilia uso wangu wakati nayafuta. "Unajua wiki ya kwanza ilikuwaje, kabla hajapewa ruhusa ya kuja na jiwe nyumbani? Alikuwa anaingia amebana pumzi. Siku moja akashindwa, akatapika pale mlangoni. Mlangoni pangu, Nakiete. Mimi, niliyekuwa napikia harusi za watu nusu ya mji huu. Nililala hapa nikisikia anavyofagia. Kisha akaja na jiwe, akaingia kama anaingia sebuleni, akaniuliza, mama umeamkaje, akala na mimi. Nilirudi kuwa mtu."

"Mtu anayeoza."

"Afadhali nioze nikitazamwa vizuri."

Nilitoka nje nikiwa nimekasirika. Lilinichefua jiwe, alinichefua diwani na muuza supu na wakubwa wa hospitali, na zaidi ya wote nilijichefua mwenyewe, kwa sababu sehemu yangu moja ilikuwa inasema: mvalie tu. Ni mama yako. Anachokiomba ni uso mzuri, kitu ambacho hata mgeni hupewa.

Jiwe lilikuwa bado juu ya ukuta wa karo. Nililichukua. Lilikuwa baridi, kisha likapata joto la kiganja changu, nikahisi linaanza kupapa kidogo. Nikaliweka kwenye kishimo cha koo.

Sikuhisi raha. Nilitegemea angalau raha. Harufu ilikaa palepale, ila ilikuwa haina haja na mimi tena. Miguuni pangu palikuwa na ndoo ya bandeji chafu za mama, nzi wamejaa, na nilikuwa nimeiweka hapo ili nikazichome. Niliitazama. Nikasema moyoni, bila wasiwasi wowote: hii inaweza kusubiri mpaka kesho.

Nililing'oa jiwe pale shingoni kama mtu anayetoa siafu. Harufu ilinirudia yote kwa mkupuo, nikaishukuru, nikatapika tena, nikaenda kuzichoma bandeji.

*

Asubuhi yake nilifanya ujanja. Nilitafuta kipande cha chupa kilichosuguliwa na maji, nikakifunga kamba, nikakivaa shingoni, nikaingia na beseni langu na uso niliouandaa mbele ya kioo. Mama alitulia alipokiona. Nilimgeuza. Nilifungua bandeji. Nilishikilia uso huo kwa meno. Machozi yalianza kunitoka, mashavu yakanicheza, na koo likatoa mlio kama wa kuku.

"Hicho ni kioo," mama akasema.

Alifunga mdomo. Nilipomletea uji aliufunga. Maji, akaufunga. Nilipomgusa ili nimgeuze, aliushika ukingo wa kitanda kwa ule mkono mmoja kwa nguvu ambayo sikujua kama bado anayo. Senkondo alikuja kusimama nje ya pazia, maana sasa bila jiwe hakuthubutu kuingia, akamsihi kutokea huko, akiwa ametupa mgongo: "Mama, tafadhali, kula kidogo. Kwa ajili yangu." Hakumjibu hata yeye. Mchana ukapita hivyo. Jioni nikasikia, chini ya harufu ya asali, ile harufu tamu inaanza kurudi, nyembamba kama uzi.

Hapo nilipandwa na hasira iliyokuwa mbali na heshima. Niliketi sakafuni mbele yake, uso wangu sawa na uso wake.

"Mama, nani alinifundisha kunusa?"

Aliendelea kuushika ukingo wa kitanda.

"Nani alikuwa ananiitia kila sufuria? Nikiwa nacheza, naitwa: Nakiete, njoo unuse. Unafunua kifuniko unanishindilia kichwa humo. Maharage yakiwa yamechacha nakunja uso, na wewe unamwaga sufuria nzima, wageni wako mlangoni, huulizi mara mbili. Hukuonja hata. Ulinitazama uso tu, ukamwaga."

Jicho lake lilisogea.

"Kidonda chako kipo mgongoni. Huwezi kukiona. Pua yako imekizoea, haikwambii kitu tena. Mkwe wako alikunyamazia, daktari alikuimbia. Hakuna mtu hata mmoja ndani ya nyumba hii aliyekwambia kikoje. Unataka kujua kikoje?" Nilikuwa nalia kwa kelele, kamasi zinanitoka, na sikuzifuta. "Nitazame, basi! Usigeukie ukuta. Nitakigusa sasa hivi, na wewe utazame uso wangu."

Nilinyoosha mkono nyuma yake, nikalegeza bandeji. Harufu ilikuja. Sikuuzuia uso. Niliuacha ujikunje wote unavyotaka, pua juu, ulimi nje, macho yamejaa maji, na mama akautazama. Aliutazama kama alivyokuwa akiutazama juu ya mvuke wa masufuria yake, kikazi, kwa makini. Rangi ilimtoka.

"Ni kibaya hivyo?" akauliza kwa sauti ndogo.

"Ni kibaya hivyo, mama."

Kisha mkono wake ukaachia ukingo wa kitanda.

"Basi mwaga," akasema. "Mwaga yote. Mwite yule mwimba kwaya akate tena."

*

Tangu hapo kila asubuhi ilianza kwa maneno yaleyale. Ninaingia na beseni, ninampa shikamoo, ananiitikia marahaba, kisha anasema: "Haya, leta uso."

Ninafungua bandeji, ninainama, ninanusa. Yeye anasoma. "Leo pua imepanda mpaka kwenye nyusi, hakuna maendeleo." Au: "Jana ulikunja kulia na kushoto, leo kulia tu. Upande wa chini bado, si ndiyo?" Mara nyingi alikuwa sahihi kabla sijamweleza. Siku nilizotapika aliniambia pole, na siku moja akaongeza kwamba natapika vibaya kama baba yangu. Kulikuwa na wiki nzima uso haukubadilika, akawa anatazama tu, na mimi nikawa natoka nje kulia kwenye karo. Kazi haikuacha kunichefua hata siku moja. Anayesema mapenzi huondoa kinyaa, mwambieni aje ashike beseni.

Senkondo alipigilia msumari kwenye mhimili wa mlango wa nje. Akirudi kutoka Matumbo, kabla hajavuka kizingiti, anavua jiwe analitundika pale. Kisha anajisikia alivyo, anasema loo, anarudi bombani mbio kama anayefukuzwa na nyuki. Ndipo anakuja kusimama nje ya pazia la mama, mgongo ndani, anapitisha beseni la maji ya moto kwa mikono iliyogeuzwa nyuma. "Umeshindaje, mama?" "Vyema, mkwe wangu. Umekula?" "Nitakula jikoni, mama." Hajala tena chumbani humo, ingawa sasa panalika.

Kutoka kwenye Kamba waliniita mara ya kwanza, wakaniita mara ya pili, kisha nafasi yangu akapewa mtu mwingine. Wakubwa wa hospitali nao waliagiza mapozo zaidi. Daktari Tumsifu aliniambia hivyo alipokuja kukagua, kisha akasimama kidogo karibu na msumari wa mlangoni, akiutazama. Hakuvua.

Mahindi yalikuwa yamefika kiunoni asubuhi ile nilipofungua bandeji nikainama kama kawaida. Nyama ilikuwa ya waridi, imepanda karibu kujaa, kingo zimekaribiana. Nilinusa. Nikanusa tena, karibu zaidi, mpaka ncha ya pua ikagusa ngozi. Ilikuwa asali, na sabuni, na mama.

Niliinua kichwa. Jicho lake lilikuwa linanisubiri. Lilizunguka uso wangu wote, puani, mdomoni, kwenye nyusi, likarudi lilikoanzia. Nikaona hofu inaingia humo.

"Sogea hapa," akasema.

"Mama…"

"Sogea, nimesema."

Nilipiga magoti. Aliunyanyua ule mkono mmoja, akautia ndani ya ukosi wa gauni langu. Vidole vyake vilipapasa kishimo cha koo, vikazunguka nyuma ya shingo vikitafuta kamba, vikapita chini ya nywele, nyuma ya masikio, vikarudi mbele vikasaka upya, taratibu, kama anachagua mawe kwenye mchele. Havikukuta kitu ila jasho.

Aliuacha mkono wake hapohapo shingoni kwangu. Upande mmoja wa uso wake ukaanza kulia.

"Mkwe!" akaita kwa nguvu kuelekea pazia. "Mkwe, uko hapo? Hajavaa! Nimempapasa mwenyewe, hajavaa kitu!"

Nje ya pazia nikasikia beseni la maji likianguka.